Mirija Mirefu ya Nyogokuru

Dada Donata ameanika kimea. Nilijua kabla sijashuka kwenye bodaboda pale Mwamkulu, kwa sababu harufu ya mtama uliochipua haina adabu, inakufuata barabarani na kukushika pua kabla mwenye nyumba hajakukaribisha. Wako wanaosema inanuka kama nguo iliyosahauliwa kwenye ndoo. Sibishani nao. Kwangu mimi harufu hiyo haina shida na pua, shida yake ni miguu. Nikiisikia siwezi kukaa. Nitasimama, nitakwenda mlangoni, nitarudi, nitauliza kama geti limefungwa au liko wazi, hata kwenye nyumba isiyo na geti. Mume wangu amenizoea. "Umeanza," husema, na kuendelea kunywa chai yake.

Ndiyo, nimeanza. Sasa nimeachiwa mkeka wa kimea niwafukuze kuku, na badala ya kukaa kwenye kigoda kama mtu mzima ninauzunguka mkeka kama naulinda dhidi ya majambazi. Acha nisimulie, labda nitatulia.

Mimi ni mtoto wa makazi. Wenzangu wa rika langu waliokulia upande ule watanielewa bila maelezo, lakini kwa wengine niseme wazi. Wazazi wetu walikimbia Burundi wakiwa vijana, wakapewa pori nje ya Mpanda walifyeke na kulilima. Sisi tulizaliwa papo hapo, vitovu vyetu vimezikwa kwenye mchanga huo, lakini sheria ilitutazama damu. Mrundi alikaa upande wake na Mtanzania upande wake, katikati palikuwa na geti. Ukitaka kutoka, hata kama ni kwenda mjini kung'oa jino, ulikwenda ofisini kuomba kibali, ukaeleza unakwenda kwa nani na unarudi lini. Mtanzania naye alihitaji ruhusa kuingia kwetu. Ndivyo tulivyoishi hata miaka ya tisini, tulipokuwa tunaimba wimbo wa taifa shuleni kila asubuhi kwa sauti kuliko watoto wa Mpanda wenyewe.

Wakubwa waliyajua hayo yote. Mimi niliyajua kinyumenyume.

Tatizo ni kwamba makazi yalikuwa makubwa mno. Palikuwa na vijiji na vijiji, makanisa, shule, mashine za kusaga, soko, mto wa kuogelea na mto wa kuogopa. Ungeweza kutembea tangu alfajiri mpaka miguu ikakataa na bado hujafika mwisho. Halafu kule mpakani lilikuwa geti, mti mrefu uliolazwa juu ya barabara, ncha moja imefungwa kiroba cha mawe ili uinuke ukivutwa. Nyuma ya mti ule niliona nini? Kipande cha barabara, nyasi, miyombo, basi. Na hapo hapo, upande ule wa nyasi, nilikuwa nawaona watu wamesimama juani na baiskeli zao, wanunuzi wa maharage na mahindi, wanambembeleza mgambo awaruhusu waingie. Mgambo mwenyewe tulimwita Kirungu kwa sababu ya rungu lake. Alikuwa anawafungua mizigo, anawafokea, anawaweka pembeni, wengine anawarudisha walikotoka. Mgeni njoo mwenyeji apone, husemwa, lakini mgeni wa kwetu alifika amekunja uso.

Sasa mtoto angefikiri nini? Nilifikiri kwamba watu wa nje ndio waliofungiwa. Dunia ilikuwa huku kwetu, na wale maskini walikuwa wamewekwa kwenye kile kipande cha nyasi kwa kosa ambalo hakuna aliyetaka kunitajia. Hata treni iliyokwenda Mpanda ilikuwa inapita kijijini kwetu bila kusimama, watu wamebandika nyuso madirishani. Nikaelewa kwamba ndiyo hao, wanahamishwa. Nilikuwa nawapungia mkono kwa huruma, na wakinipungia machozi yananilenga.

Kwenye sala ya jioni kila mtoto aliongeza ombi lake mwenyewe. Mimi niliomba, "Na wale walio upande wa pili wa geti, Mungu awafungulie." Baba alikuwa anakohoa. Mama alidhani nina wito wa utawa.

Kisha akaja Gervas. Alikuwa kijana wa Mwamkulu, mwana wa mkulima wa mpunga, anaingia sokoni kwetu na baiskeli kununua maharage. Maharage ya dada Donata yalikuwa yanakwisha mapema, Gervas ndiye hakwisha. Alisaidia kukunja mkeka, akabeba mizani, akasifu magunia matupu. Jioni alilazimika kukimbia ili atoke kabla kibali chake hakijapitwa na muda. Nilimhurumia sana. Siku moja nilimpa hindi la kuchoma ale huko gerezani kwake, akanishukuru kwa heshima zote, nikaona kweli nimemgusa.

Kwa hiyo niliposikia kwamba Donata anaolewa, na kwamba atakwenda kuishi kwa Gervas, nilipiga kelele. Nani anampeleka mtoto wake kifungoni huku watu wanapiga vigelegele? Nilimfuata Donata jikoni nikamuuliza huko nje atakula nini.

"Wali," akasema huku anacheka. "Mwamkulu ni mpunga mtupu. Nitakula wali mpaka nisahau ugali."

"Na utafanya nini?"

Aliacha kupepeta. "Nitatembea. Nataka siku moja nitembee mpaka nichoke, bila mtu kuniuliza nakwenda wapi."

Sikumwelewa hata chembe. Huku kwetu si ndiko kulikokuwa na nafasi ya kutembea?

Mwenye ndoa hiyo, hata hivyo, hakuwa Donata wala Gervas. Alikuwa Nyogokuru, ndivyo tunavyomwita bibi kwa Kirundi, mama yake baba. Kikongwe kifupi chenye shingo ngumu. Alisema hamzuii mtoto kuolewa na Mtanzania, watu ni watu, ila Donata hatatoka bila chungu. Kwao, pombe ya mtama hupikwa kwa mkono wa bibi, chungu huwekwa katikati, wakwe hukaa kukizunguka kila mmoja na mrija wake. Bibi wa binti hunywa kwanza, halafu baba wa kijana, kwenye chungu hicho hicho. Wakishanyonya wote wawili ndipo binti husimama.

"Msichana akitolewa bila chungu ni kuku ameuzwa," alisema Nyogokuru. "Akipigwa huko, nitakwenda kumlilia nani? Sijanywa na mtu."

Akaanza kuloweka mtama. Akaufunika kwa majani ya mgomba, ukachipua, akauanika, na ile harufu ikaingia kwenye blanketi, kwenye nywele, kwenye daftari langu la shule. Pombe ya mtama ikishaanza safari yake haimngoji mtu. Ina siku yake ya kunywewa, na siku hiyo ikipita inageuka siki. Kila mtu nyumbani alijua hilo, na kila mtu akawa hatulii.

Maana Baba alirudi kutoka ofisini na habari mbaya. Donata amekubaliwa kutoka, kwa sababu anakwenda kwa mume. Baba mwenyewe amekubaliwa, atarudi siku hiyo hiyo. Nyogokuru amekataliwa. Kizee anatafuta nini nje, waliuliza. Baba akapanda tena baiskeli, akarudi kuomba, akakataliwa tena.

"Basi waje wao," alisema Nyogokuru.

Gervas akapeleka ujumbe kwao, akarudi ameinamisha kichwa. Baba yake, Mzee Kapama, amegoma. "Anasema yeye amezaliwa hapa na baba yake amezaliwa hapa, hawezi kupanga foleni aombe ruhusa ya kutembea kwenye nchi yake. Anasema kama binti ni wa kutoa, atolewe. Kama siyo, mabinti wapo hata Usevya."

Siku zile zilikuwa za tabu. Baba alikuwa anatoka na kuingia, anashika jembe analiacha, anapanda baiskeli anashuka. Mama anafagia uwanja uliokwisha fagiliwa. Donata alisugua sufuria mpaka nikahofia itatoboka, halafu nikamkuta amekaa nyuma ya nyumba, khanga mdomoni, analia bila sauti. Mimi nilikuwa na furaha yangu ya siri, kwamba dada amenusurika. Lakini nilipomwona vile furaha iliniingia shubiri. Nilikaa karibu naye na sikujua niombe nini jioni ile.

Nyogokuru peke yake alikoroga pombe yake. Wasemao ngoja ngoja huumiza matumbo hawakumjua yeye. Tumbo lake lilikuwa la chuma. Asubuhi moja alichukua mkungu wa ndizi akasema anampelekea Kirungu, mtoto wa watu anashinda juani. Alikaa getini muda mrefu, akapiga soga, akaulaza mkongojo wake chini mara huku mara kule, kama kizee asiyejua auweke wapi. Aliporudi alinichukua mpaka bondeni kukata mirija.

"Mirefu," akasema.

Nikamkatia mirefu.

"Mirefu zaidi."

Ilikuwa mirefu kunizidi mimi. Nyumbani akaulaza mchi wa kinu uwanjani, akaweka chungu kitupu karibu nao, akanikalisha upande wa pili na kuniwekea mrija mdomoni. Ndipo Baba alipoelewa. Alicheka kicheko cha ghafla, akaziba mdomo. "Mama, watatufunga."

"Watafunga chungu?" alisema Nyogokuru, akamtuma Gervas akamwite baba yake getini.

Siku ya pombe ilipofika tulikwenda getini na nusu ya kijiji. Baba alibeba chungu, Mama alibeba mkeka, mimi nilibeba mirija nimeikumbatia isivunjike. Nyogokuru alielekeza chungu kiwekwe chini kabisa ya ule mti, akakaa upande wetu, akanyoosha miguu na kufunika magoti kwa khanga.

Kirungu akaja mbio. "Nyie! Mnafanya nini hapa?"

"Tunamwozesha mtoto," alisema Nyogokuru.

"Getini?"

"Mkwe wangu ni mtu mzima, hataki kuingia. Mimi ni kizee, hamtaki nitoke. Tufanyeje, mwanangu?"

"Bibi, sheria inasema mtu asipite bila kibali."

"Na hapiti mtu. Inapita mirija."

Kirungu akatutazama sote, akatazama chungu, akatazama mti wake, akajikuna shingo kwa ncha ya rungu. Alikuwa Mfipa, ana wakwe zake mwenyewe huko Sumbawanga, nadhani walimjia akilini wakati huo. Mwisho akachora mstari mavumbini. "Mkono usipite. Kichwa kisipite. Nikiona kichwa namwaga yote."

Mzee Kapama alifika na ndugu zake, baiskeli zimepambwa. Alikuwa mtu mrefu mwenye koti zito, na hakushuka. Alisimamisha mguu mmoja chini, mwingine kwenye pedali, tayari kugeuza.

"Nimeitwa kunywa pombe barabarani kama mlevi?" akauliza.

Gervas aliangalia viatu vyake. Donata alikuwa amekaa nyuma ya Nyogokuru, kichwa kimefunikwa, anakunja na kukunjua ncha ya khanga. Hapo hata mimi, niliyefurahi ndoa ilipokwama, nilitaka mzee ashuke.

Nyogokuru hakupandisha sauti. "Mkwe, kama una nyumba ya kunikaribisha nitakuja nikiruhusiwa. Na mimi nina nyumba, utakuja ukitaka. Leo hatuna nyumba, tuna hapa. Kaa, unanipa aibu mbele ya wajukuu."

Akainamia mrija wake, akanyonya.

Mzee Kapama akashuka, akamtupia mdogo wake baiskeli, akatafuta jiwe akakaa upande wa nyasi. Nyogokuru alisukuma mrija kupita juu ya mstari wa Kirungu mpaka ukamfikia mdomoni. Mzee akavuta. Pombe haikuja, mrija ulikuwa mrefu mno. Akavuta tena mpaka mashavu yakaingia ndani na macho yakatoka, tena, halafu ikamjia yote kwa mpigo, akapaliwa, akakohoa na koti lake zuri likalowa.

Watu wa pande zote mbili walicheka kwa pamoja, na Mzee Kapama, baada ya kujifuta, akacheka kuliko wote. "Bibi, pombe yako iko mbali!"

"Hata mimi nimetoka mbali, mkwe," alisema Nyogokuru.

Wakanywa. Baba akanywa, mama yake Gervas akanywa, ndugu wakapokezana, wengine huku wengine kule, vichwa vimeinama na mirija imepishana chini ya mti. Kirungu alipewa mrija akasema yuko kazini. Alikaa juu ya kiroba chake cha mawe, akageuza uso, lakini niliona koo lake linapanda na kushuka.

Ndipo Donata akasimama. Kirungu akavuta kamba, mti ukainuka, na dada yangu akapita chini yake na sanduku lake kichwani, vigelegele vinamsindikiza. Kwetu bibi harusi hageuki nyuma, na hakugeuka. Mti ukashuka.

Nikaona mkononi mwangu umebaki mrija mmoja. Ulikuwa wake. Binti huondoka na mrija wake ili siku akirudi kutembea kwao asiazime. Kwenye zile mbwembwe kila mtu alikuwa amesahau. Sikufikiri. Nilikuwa mfupi kuliko mti, nikapita chini yake hata bila kuinama, nikakimbia nikiita, "Donata! Donata!"

Gauni langu likanikaba shingo. Kirungu alikuwa amelishika kwa nyuma.

"We mtoto, rudi ndani!"

"Naja kwao huku ndani kumpa dada mrija wake," nikasema nahema. "Nitarudi nje sasa hivi."

"Ndani ndiko ulikotoka. Huku ni nje."

Nikabishana naye. Nilikuwa mbishi tangu utotoni, na jambo hilo nilikuwa na hakika nalo. Nikamwambia waliofungiwa ni hawa, ndiyo maana wanambembeleza kila siku. Kirungu akacheka mpaka rungu likamtoka. Halafu akaacha kucheka, na kwa mkono wake akanigeuza nitazame nilikotoka.

Nikawaona. Walikuwa wamesimama nyuma ya ule mti, Mama, Baba, majirani, watoto wenzangu, wamesogea mpaka kwenye mstari wa mavumbini na hakuna aliyeukanyaga. Walikuwa wanapunga mikono. Wanatupungia sisi tulio upande wa nyasi kama nilivyokuwa naipungia treni. Na chini kabisa alikuwa Nyogokuru, bado amekaa na chungu chake, amenyoosha shingo ili amwone Donata kwa mara ya mwisho kabla barabara haijakata kona.

Nililia kwa hasira. Sikulia kwa ajili ya dada, dada alikuwa salama. Nililia kwa sababu ya sala zangu zote zile, nilizowapelekea watu wasiozihitaji.

Kirungu alichukua mrija kutoka mkononi mwangu, akatembea nao mwenyewe, akampa Donata. Aliporudi alinipitisha chini ya mti taratibu, akaweka rungu lake pembeni na kumuuliza Nyogokuru kama imebaki kidogo.

Jioni ile zamu yangu ya kuomba ilipofika nilianza, "Na wale walio upande wa pili wa geti," nikakwama. Baba hakukohoa. Akangoja. "Endelea," akasema. Sikuweza kuendelea, na kwa mara ya kwanza alinimalizia yeye: "Mungu atufungulie."

Mungu hakuwa na haraka. Uraia ulikuja baadaye sana, sisi tumekwisha kuwa wakubwa na Nyogokuru amekwisha kufa. Donata alikuwa anakuja kumtembelea, kwa kibali, na kila akija alikuja na mrija wake. Nyogokuru hakuwahi kula wali wa Mwamkulu nyumbani kwa Donata. Alizikwa upande wetu, na jambo hilo mpaka leo linaniuma.

Keshokutwa anaolewa kitinda mimba wa Donata. Kimea hiki ni cha kwake. Hivi ninavyosimulia nimesimama mlangoni, vijana wameleta mirija kutoka bondeni, wameikata mifupi inayotosha, na Donata amewarudisha.

"Mirefu," amesema.

"Mama, sebule yenyewe ndogo!"

"Mirefu zaidi."

Kisha amechukua mchi akaulaza sakafuni katikati ya sebule, ameweka chungu kando yake, na kuanza kupanga viti mbali, vya wakwe kule, vyetu huku. Bibi harusi anamweleza mchumba wake, kijana wa mjini, kwamba asishangae, ndiyo mila ya Warundi, wakwe hawakai karibu na chungu. Gervas, mvi kichwa kizima, ananitazama na mimi ninamtazama. Hatumsahihishi.

Donata ameridhika na kipimo, ameokota mchi na kuurudisha jikoni. Vijana wanaingia na kutoka, wanabeba viti, wanapishana na kugombana, na kila anayefika pale katikati ya sebule anapazunguka.